Kuitazama Upya Sanders of the River: Sauti za Waafrika katika Filamu ya Kikoloni

Filamu ya Sanders of the River (1935), iliyoongozwa na Zoltan Korda kutokana na hadithi za Edgar Wallace, humsawiri ofisa wa Kiingereza nchini Nijeria kama baba na watawaliwa wake kama watoto. Itikadi hiyo iko wazi mno. Uhakiki unaoishia kuilaani hauongezi lolote. Kilicho kigumu zaidi ni nafasi ya watu weusi waliosimama mbele ya kamera. Paul Robeson, Mmarekani Mweusi aliyeigiza kama Chifu Bosambo, alikuwa katika miaka hiyohiyo akisoma lugha za Afrika jijini London, Kiswahili kikiwamo, naye alitarajia filamu iuheshimu utamaduni aliokuwa akiuchunguza. Ilipokamilika, aliikana. Miongoni mwa washiriki wadogo alikuwamo Jomo Kenyatta, ambaye mwaka 1938 alichapisha Facing Mount Kenya, kitabu ambamo Mwafrika anaieleza jamii yake mwenyewe. Katika filamu, yeye ni sura tu katika kundi.

Kuiondoa filamu hii madarasani, kama inavyopendekezwa mara kwa mara kuhusu kazi za aina yake, kungeufuta pia ushahidi huo. Kungeuficha, vilevile, uhariri uliozigeuza ngoma zilizopigwa picha barani Afrika kuwa pambo la kuitukuza dola. Bosambo husema na kuimba Kiingereza, ilhali wanaoimba nyuma yake huachwa kama mandhari. Kazi ya mwanaisimu huanzia hapo nyuma: kuzitambua lugha zinazosikika, kuyanukuu maneno yake, na kuyalinganisha na maana ambayo hadithi imeyabandika.