Diana: Mwindaji wa Usiku Aliyekimbiliwa na Watumwa

Ndugu msomaji, huenda mtaani kwako yuko msichana aitwaye Diana. Ukimwuliza maana ya jina lake, yamkini atakujibu kwamba wazazi walimpa kwa kuwa linapendeza masikioni. Lakini jina hilo lina historia ndefu. Kwa karne nyingi watu wa Italia walilitamka kwa hofu na kwa matumaini: hofu ya mwindaji asiyekosa shabaha, na matumaini ya mama mzazi na ya mtumwa, watu ambao mara nyingi hawakuwa na mwingine wa kumwendea.

Leo tumeona vema tukusimulie habari za Diana huyo, pamoja na mwenziwe wa Kigiriki, Artemis. Ni visa vya kale, lakini ndani yake mna mambo ya kumfikirisha mtu wa leo.

Binti aliyekataa kuolewa

Kwa imani ya Wagiriki, Artemis alikuwa binti wa Zeus, mkuu wa miungu yote. Mama yake aliitwa Leto. Hera, mke wa Zeus, alipopata habari kwamba Leto ni mjamzito, alishikwa na wivu, akazikataza nchi zote zisimpokee. Leto alitangatanga na uchungu wake, mpaka kisiwa cha Delos, kidogo na kikavu, kikamkubali. Hapo akajifungua mapacha. Masimulizi mengine yanasema kwamba Artemis alitangulia kuzaliwa, na papo hapo akamsaidia mama yake kumzaa nduguye, Apollo. Ndiyo sababu wanawake wa Kigiriki walimwita Artemis wakati wa uchungu wa uzazi, ingawa yeye mwenyewe hakuzaa kamwe.

Mshairi Callimachus, aliyeishi katika karne ya 3 kabla ya Kristo, anasimulia jinsi Artemis, angali mtoto mdogo, alivyoketi magotini pa baba yake na kuomba zawadi. Hakuomba dhahabu wala mume. Aliomba abaki bikira milele, apewe uta na mishale, wasichana wa kufuatana naye, na milima yote iwe makazi yake. Zeus akacheka, akamkubalia.

Fikiri, ndugu msomaji, maombi hayo yalisikikaje masikioni mwa wasichana wa Athens. Katika mji huo binti aliozwa na baba yake, mara nyingi akiwa na umri wa miaka kama 14, wala hakuulizwa anampenda nani. Kabla ya hapo baadhi yao walipelekwa Brauron, karibu na pwani, wakamtumikie Artemis kwa michezo na mbio. Huko waliitwa dubu. Kisha walirudi nyumbani kungoja kuolewa. Uhuru wa porini ulikuwa wa mungu. Wao waliuonja kwa muda mfupi tu.

Mshale usiokosa

Hata hivyo, Artemis hakuwa mpole. Kijana Actaeon, akiwinda na mbwa wake, alimkuta mungu huyo akioga mtoni. Artemis akamgeuza kulungu, na mbwa wale wale aliowalea kwa mkono wake wakamrarua vipande vipande.

Kisa cha Iphigenia kinatisha zaidi. Mfalme Agamemnon alikuwa amekusanya merikebu huko Aulis ili akaupige vita mji wa Troy. Lakini alikuwa amemwudhi Artemis. Wengi husema kwamba alimwua kulungu wake, kisha akajigamba kwamba hata mungu huyo hapigi shabaha kama yeye. Upepo ukakataa kuwafaa. Siku zikapita, askari wakanung'unika. Mwaguzi akatamka kwamba safari haitawezekana mpaka mfalme amtoe kafara binti yake mwenyewe. Agamemnon akamwita mtoto kwa hila, akimdanganya kwamba anakwenda kuozwa kwa shujaa Achilles. Binti alifika na mama yake, wakitazamia arusi, wakakuta madhabahu.

Wako wasimulizi wasemao kwamba dakika ya mwisho Artemis alimhurumia, akaweka kulungu mahali pake na kumchukua mbali. Wengine wanasema kisu kilishuka. Kwa vyovyote, mama yake hakusahau. Vita vilipokwisha baada ya miaka 10, Agamemnon aliuawa nyumbani mwake, na kwa masimulizi mengine aliyemwua ni mkewe kwa mkono wake.

Mwezi na njia panda

Hapo mwanzo Artemis hakuwa mwezi. Mwezi ulikuwa na mungu wake, Selene, ambaye Warumi walimwita Luna. Yeye alikuwa dada wa Jua, na kila usiku alipita angani katika gari lake. Inasimuliwa kwamba alimpenda kijana Endymion, aliyelala usingizi usiokwisha katika mlima Latmos, ulioko Uturuki ya leo. Kijana hakuzeeka wala hakuamka. Selene alishuka kumtazama, kisha akaendelea na safari yake.

Wa tatu alikuwa Hecate, mwenye mienge na mbwa, mlinzi wa njia panda. Kila mwisho wa mwezi, wakati hilali ilipongojewa, watu waliokuwa na uwezo walimwekea chakula njiani. Aristophanes, mtunzi wa michezo ya kuchekesha, alitania kwamba chakula hicho kilinyakuliwa na maskini hata kabla hakijawekwa chini.

Kadiri karne zilivyopita, watatu hao walichanganywa wakawa kama mmoja mwenye sura tatu: mwezi mbinguni, mwindaji duniani, na Hecate gizani. Warumi walipomlinganisha Diana wao na Artemis, walizirithi sura zote hizo.

Sikukuu ya watumwa

Kilometa kama 30 kusini-mashariki ya Roma liko ziwa dogo liitwalo Nemi. Watu wa kale waliliita kioo cha Diana. Kando yake palikuwa na msitu na hekalu. Wachimbaji wa mambo ya kale wamekuta huko sanamu nyingi za udongo za akina mama na watoto wachanga, nadhiri za watu waliomba uzazi salama.

Tarehe 13 Agosti ilikuwa sikukuu ya Diana. Wanawake walikwenda Nemi na mienge kumshukuru. Mjini Roma, ambako mfalme Servius Tullius husemwa kuwa ndiye aliyemjengea hekalu katika kilima cha Aventine, siku hiyo ilikuwa ya mapumziko kwa watumwa. Mwandishi Plutarch anaeleza sababu yake: mfalme huyo alizaliwa siku hiyo na mama aliyekuwa mtumwa. Wanawake nao, asema, waliosha nywele zao. Siku moja katika mwaka, mikono iliyolima mashamba ya wengine ilipumzika.

Lakini msitu wa Nemi ulikuwa na desturi nyingine. Kuhani wake aliitwa mfalme wa msitu, naye alikuwa mtumwa mtoro. Mtoro aliyefika pale na kufaulu kuvunja tawi la mti mmoja alipata haki ya kupigana na kuhani. Akimwua, yeye ndiye kuhani mpya. Tangu hapo alitembea na upanga mkononi, akitazama huku na huku, akimngoja mtoro mwingine. Inasemwa kwamba Kaisari Caligula alipoona kuhani mmoja amedumu mno, alimpelekea mtu mwenye nguvu zaidi amshambulie.

Mkate wa mafundi

Hekalu kubwa kupita yote la Artemis lilikuwa Efeso, moja ya maajabu saba ya dunia ya kale. Mwaka 356 kabla ya Kristo mtu aitwaye Herostratus alilichoma moto kwa sababu moja tu, apate sifa. Likajengwa upya. Wasomaji wa Biblia watakumbuka Demetrio, mfua fedha, aliyewachochea mafundi wenzake dhidi ya Paulo. Alitaja heshima ya mungu, lakini kwanza alitaja kazi yao: vijumba vya fedha vikikosa wanunuzi, mafundi watakula nini? Leo mahali pale pamesimama nguzo moja.

Jina halikufa. Mwaka 1969 Wamarekani walifika mwezini kwa mpango ulioitwa Apollo. Mwaka 2022 walirusha chombo cha mpango mpya, wakaupa jina la pacha wake, Artemis.

Ukiutazama mwezi mpevu usiku wa leo, ndugu msomaji, mkumbuke yule mtoro wa Nemi. Alikimbia minyororo, akaupata ufalme, wala hakupata usingizi, kwa kuwa uhuru wake aliupata kwa kumwua mtumwa mwenzake. Bwana wa shamba alikokimbia hakuguswa. Laiti watumwa wawili wale wangekaa chini ya mti ule wakazungumza.