Mugumo, rangi ya pinki na hadithi za bibi

Leo tuongelee picha.

Kama umekulia huku kwetu Usagara, lazima umesimuliwa Shing'weng'we. Zimwi likameza watu wote, akabaki mama mmoja mjamzito. Akazaliwa Masala Kulangwa, akaliua zimwi, akalipasua tumbo, watu wakatoka wazima.

Wakikuyu wa Kenya nao wana yao. Wanasema ukiuzunguka mugumo, ule mti mkubwa wa jamii ya mkuyu, mara saba, mwanamume unageuka mwanamke, na mwanamke unageuka mwanamume. Watoto wengi wametishwa nayo.

Sasa mwaka 2014 wasanii wa Nairobi wanaoitwa The Nest Collective waliuchukua mti huo wakauingiza kwenye sinema. Filamu inaitwa Stories of Our Lives. Ni hadithi tano fupi, zilizotokana na masimulizi ya Wakenya wanaopenda watu wa jinsia yao. Katika ya mwisho, wanawake wawili wapenzi wanatishiwa, na mmoja anawaza jinsi ya kutoroka. Ndipo mugumo unapoingia. Nilivyoelewa mimi, hadithi iliyotumika kutisha watoto hapa imegeuka mlango wa kutokea.

Tuje kwenye picha zenyewe. Filamu yote ni nyeusi na nyeupe, na sidhani ni kwa bahati mbaya. Rangi inakuambia hii ni leo, gari la mwaka fulani, shati la mtumba. Ukiitoa, mtaa wa leo na hadithi ya kale vinaonekana ni vya siku moja. Halafu kuna kivuli. Waliotoa masimulizi yale hawakutajwa majina, na uso ulio nusu gizani unakukumbusha hilo. Mwongozaji, Jim Chuchu, ni mpiga picha pia. Mwaka huo huo alitoa picha alizoziita Pagans, akibuni miungu ya Kiafrika iliyosahaulika. Na bajeti ya filamu? Kama dola 15,000 tu!

Mwaka 2018 akaja Wanuri Kahiu na Rafiki, akageuza kibao. Huku ni pinki, njano, zambarau, mpaka nyuso zilizopakwa rangi zinazong'aa gizani. Kisa kimetoka kwenye hadithi fupi Jambula Tree ya Mganda Monica Arac de Nyeko, iliyoshinda tuzo ya Caine mwaka 2007. Mti tena! Wasichana wawili wanapendana wakati baba zao wanagombea kura, kama vile Romeo na Juliet. Kahiu anauita mtindo wake Afrobubblegum, yaani Afrika yenye raha zake. Chuchu aliwafichia wapenzi kivulini, Kahiu akawaanika juani.

Zote mbili zilipigwa marufuku Kenya. Ya 2014 mtayarishaji wake, George Gachara, alikamatwa. Rafiki ilifika Cannes, lakini nyumbani ikafungiwa hadi Septemba 2018, mahakama iliporuhusu ionyeshwe siku saba. Kumbi zilijaa.

Kilichonigusa zaidi ni hiki. Kahiu alieleza kwamba bodi ya filamu ilimtaka abadilishe mwisho, kwa sababu ulikuwa na matumaini mno. Alikataa. Kwa hiyo ugomvi haukuwa wa mabusu wala rangi tu. Ulikuwa wa mwisho wa hadithi: je, hawa nao wanaruhusiwa kumaliza salama?

Wengi wanasema mambo haya ni ya kuletwa. Sawa, kila mtu ana msimamo wake, na sheria za Kenya na zetu zinajulikana. Ila mugumo hakuna aliyetuletea. Na bibi aliponisimulia Shing'weng'we hakuwahi kutaja ni akina nani walistahili kutoka tumboni. Walitoka wote.

Swali kwenu wadau: ukipewa kamera uipige picha Shing'weng'we, utatumia rangi au nyeusi na nyeupe? Uwanja ni wenu, ila matusi hapana.