Kivumishi "-bichi": Unyevu na Ukavu katika Mwambao wa Ziwa Victoria

Miongoni mwa vivumishi vya Kiswahili vinavyotamkwa kila siku bila kuchunguzwa, -bichi ni kimoja ambacho ufupi wa umbo lake hauonyeshi wingi wa maana zake, kwa kuwa hueleza kitu ambacho bado kina maji yake, chakula ambacho hakijapikwa, tunda ambalo halijaiva, kidonda ambacho hakijapona na hata mtu ambaye hajapata uzoefu. Maana hizo huonekana waziwazi katika Jiji la Mwanza na vijiji vya mwambao wa Ziwa Victoria, ambako uvuvi, kilimo, ufinyanzi na ujenzi vyote hutegemea kujua ni wakati gani kitu kina maji, ni wakati gani kimeyapoteza, na ni hasara gani hufuata hali hizo mbili zinapochanganywa. Kando yake kuna kivumishi -nyevu, ambacho nacho huhusu maji yaliyomo katika kitu, lakini kwa namna tofauti. Kuzitambua tofauti za maneno haya mawili kuna faida kwa mwanafunzi wa lugha, na kuna faida kubwa zaidi kwa mvuvi, mkulima na mnunuzi.

Umbo na asili

Kivumishi -bichi ni miongoni mwa vivumishi vya asili ya Kibantu ambavyo hupokea kiambishi cha ngeli, yaani silabi au sauti ya mwanzo inayopatana na nomino inayoelezwa. Kwa hiyo husemwa kiazi kibichi na viazi vibichi, tofali bichi na matofali mabichi, muhogo mbichi na mihogo mibichi, kuni mbichi, udongo mbichi na mahali pabichi. Samaki, kwa kuwa ni kiumbe, hufuata ngeli ya watu na wanyama, na ndiyo maana katika Kiswahili sanifu huandikwa samaki mbichi akiwa mmoja na samaki wabichi wakiwa wengi, ingawa katika mazungumzo ya sokoni umbo la mbichi husikika pia kwa wingi. Kutokana na kivumishi hiki huundwa nomino ubichi, yenye maana ya hali ya kuwa -bichi.

Mzizi huu ni wa kale, na wala si wa Waswahili peke yao. Ng'ambo ya ziwa, Waganda husema -bisi kwa kitu kilicholowa, kisichopikwa au kisichoiva, na Wanyarwanda nao wana -bisi yenye maana zinazokaribiana na hizo. Mtu anayevuka ziwa kutoka Mwanza kwenda Uganda hukuta, basi, kwamba mawazo ya maji, ya kutopikwa na ya kutoiva yamefungwa katika neno moja huko pia. Kukutana huko kunaonyesha kwamba wingi wa maana za -bichi haukutokana na uzembe wa wasemaji, bali ni urithi wa namna moja ya kuvitazama vitu, ambayo mantiki yake itaonekana kwa kufuata mifano.

Samaki, dagaa na kuni

Soko la Mwaloni lililoko Kirumba, katika Wilaya ya Ilemela, ni mojawapo ya masoko makubwa ya samaki na dagaa katika Kanda ya Ziwa, na bidhaa zake husafirishwa hadi nchi jirani, ikiwemo Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Katika biashara hiyo mgawanyo wa kwanza kabisa ni ule wa wabichi na wakavu. Sato na sangara wabichi huuzwa siku ile ile au huhifadhiwa kwa barafu, ilhali dagaa wengi hukaushwa juani, na sangara aliyepasuliwa, akatiwa chumvi na kukaushwa hubadilika jina na kuitwa kayabo. Dagaa huvuliwa usiku wa giza kwa kuvutwa na mwanga wa taa, kisha asubuhi huanikwa juu ya mchanga, nyavu au vichanja. Kwa kuwa sehemu kubwa ya mwili wa samaki, takriban robo tatu au zaidi ya uzito wake, ni maji, kuanika ni kuyaondoa maji hayo kabla bakteria hawajayatumia kuozesha nyama.

Hapa ndipo usahihi wa lugha unapoonekana. Dagaa waliotoka ziwani asubuhi ni wabichi. Lakini dagaa waliokwisha kukauka, wakanyeshewa na mvua ya ghafla iliyotoka ziwani, hawarudi kuitwa wabichi, bali husemwa kwamba wamelowa, na bei yao huporomoka mara moja. Maji yaliyomo katika dagaa wa kundi la kwanza ni ya asili yao na bado hayajaondoka, wakati maji ya kundi la pili yamewaingia kutoka nje baada ya kazi kumalizika. Ubichi, kwa hiyo, ni hali inayokuja kabla ya badiliko fulani linalotarajiwa, na badiliko hilo likishatokea, kumwagia kitu maji hakuwezi kuurudisha.

Nguo huonekana kupingana na kanuni hiyo, kwa sababu nguo iliyofuliwa huitwa mbichi ingawa maji yake yametoka kwenye beseni. Hata hivyo nguo iliyoanikwa iko njiani kukauka, na kuiita mbichi ni kusema kwamba safari hiyo haijakamilika, hivyo haijafaa kuvaliwa wala kukunjwa. Vivyo hivyo rangi ya ukutani na sakafu ya saruji huitwa mbichi mpaka zikauke. Nguo ya mpita njia aliyenyeshewa barabarani, kwa upande wake, huelezwa zaidi kwa kitenzi kulowa, kwa kuwa hakuna kazi ya kukausha iliyokuwa ikiendelea.

Katika kuni mantiki ni ile ile. Karibu nusu ya uzito wa mti uliokatwa punde huweza kuwa maji, na kuni zake zikitiwa jikoni sehemu kubwa ya joto hutumika kuyageuza maji hayo kuwa mvuke, ndiyo maana hutoa moshi mwingi na moto hafifu. Anayeuza kuni mbichi kwa bei ya kuni kavu humuuzia mwenzake maji.

Ubichi usiokuwa na maji

Ushahidi wenye nguvu zaidi kwamba -bichi si neno la maji pekee unapatikana kwa wafyatua matofali. Tofali lililofyatuliwa kwa udongo na kuachwa juani kwa majuma kadhaa huwa limekauka kabisa, lakini fundi bado huliita tofali bichi mpaka litakapopangwa kwenye tanuri na kuchomwa. Mfinyanzi naye hukiita kibichi chungu ambacho hakijachomwa, hata kama mkono hauhisi unyevu wowote, kwa sababu chungu hicho kikitiwa maji hurudi kuwa udongo, wakati kilichochomwa hakirudi tena. Karanga mbichi zinazouzwa kwa vikopo ni kavu, lakini hazijakaangwa. Ngozi mbichi yaweza kuwa imekaushwa, lakini haijatengenezwa kiwandani. Na maziwa mabichi, ambayo ni kinywaji cha siku nyingi cha wafugaji wa Kisukuma, huitwa hivyo kwa kuwa hayajachemshwa wala kugandishwa.

Ikitazamwa mifano hiyo kwa pamoja, inabainika kwamba maana ya -bichi hukamilishwa na kinyume chake. Mbele ya -kavu, huhusu maji. Mbele ya kupikwa au kuchomwa, huhusu moto. Na mbele ya -bivu, huhusu ukomavu wa tunda, kama inavyosemwa embe bichi na embe bivu. Kutokana na jozi hii ya mwisho Kiswahili kimepata usemi wa mbivu na mbichi, unaotumika sana na watangazaji wa mpira na waandishi wa habari za uchaguzi, wenye maana ya kujulikana kwa ukweli wa mambo baada ya kipindi cha mashaka. Kuhusu samaki kuna kinyume cha nne, nacho ni kuvunda. Samaki aliyevuliwa jana na kuachwa bila barafu hajapikwa wala hajakauka, lakini mnunuzi mzoefu atamkataa akisema huyu si mbichi, akiyatazama macho yaliyofifia, matamvua yaliyopoteza wekundu na nyama isiyorudi mahali pake inapobonyezwa.

Maana hizi zimehamia hadi kwa binadamu. Methali isemayo samaki mkunje angali mbichi hutumiwa kuhimiza malezi ya mtoto mapema, na msingi wake ni kazi halisi, kwa kuwa samaki hukunjika akiwa bado na maji yake lakini huvunjika akikunjwa baada ya kukauka. Methali nyingine, udongo uwahi ungali maji, hutoa funzo lile lile kutoka katika kazi ya mfinyanzi. Kumwita mtu mbichi kazini kuna maana ya kwamba hajakomaa, lakini pia kuna tumaini ndani yake, maana kilicho kibichi bado kinaweza kupewa umbo.

Kivumishi -nyevu na hatari zake

Kivumishi -nyevu huhusiana na vitenzi vya mvua, yaani kunya na kunyesha, na hueleza kitu chenye maji kiasi, yasiyotiririka wala kudondoka. Husemwa hewa nyevu, udongo mnyevu, mahali panyevu na vitambaa vinyevu, ingawa wasemaji wengi hupendelea kutumia nomino na kusema kitu chenye unyevu. Tofauti na -bichi, kivumishi hiki hakiulizi maji yametoka wapi wala hakitarajii badiliko lolote. Hupima tu kiasi kilichopo sasa. Kwa sababu hiyo sayansi imekichagua kivumishi hiki, na vitabu vya jiografia vimekijengea istilahi ya unyevuanga, yaani mvuke wa maji uliomo hewani.

Juu ya -nyevu kuna ngazi nyingine za maji. Majimaji huelezea kitu ambacho maji yake yanaonekana, kama ardhi ya majimaji kandokando ya ziwa au uji wa majimaji. Kulowa huonyesha maji yaliyoingia kutoka nje. Na tanakali za sauti chepechepe na chapachapa huongeza nguvu pale kitu kinapolowa mpaka maji yakachuruzika.

Unyevu mdogo usioonekana ndio wenye hatari kubwa kuliko yote hayo. Kiwango cha Afrika Mashariki kinataka unyevu wa mahindi ya kuuzwa usizidi asilimia 13.5, kwa kuwa juu ya hapo kuvu hustawi ghalani na baadhi yake hutoa sumukuvu, sumu isiyoondolewa kwa kupika. Mwaka 2016 sumu hiyo katika mahindi iliua watu katika mikoa ya Dodoma na Manyara. Punje hizo hazikuwa mbichi machoni pa mtu, na pengine zilionekana kavu; ndiyo maana mkulima anashauriwa kupima, kwa mfano kwa kutia punje na chumvi kavu ndani ya chupa kavu na kutikisa, ambapo chumvi ikigandamana na kuta za chupa huwa ni ishara kwamba nafaka bado ina unyevu.

Wasukuma wana utaratibu wa kale wa kuyashinda maji ya viazi vitamu, na majina yake yanahifadhi tofauti iliyoelezwa hapo juu. Viazi vinavyomenywa, kukatwa na kuanikwa vikiwa vibichi huwa michembe, na vile vinavyochemshwa kwanza ndipo vikatwe na kuanikwa huwa matobolwa. Vyote viwili huishia kuwa vikavu, lakini kimoja kiliupita ubichi kwa jua peke yake na kingine kwa moto na jua.

Udongo na rutuba

Katika udongo, unyevu ni baraka inayotafutwa. Wakulima wa Usukuma huita luseni udongo wa kichanga wa miinuko, unaokauka upesi na kufaa kwa mihogo na viazi, na huita mbuga udongo mweusi wa mfinyanzi wa mabondeni, unaohifadhi maji kwa muda mrefu na ambako hujengwa majaruba ya mpunga. Mpangilio huo wa udongo kubadilika kwa hatua kutoka kilele hadi bonde ndio uliopewa jina la katena, yaani mnyororo, na mwanasayansi Geoffrey Milne aliyefanya kazi Amani, Tanga, katika miaka ya 1930. Neno rutuba lenyewe, ambalo leo humaanisha uwezo wa ardhi kuzalisha, limetoka katika Kiarabu ambamo maana yake ni unyevu, na kuhama huko kwa maana kunaeleweka, kwa kuwa mbegu haioti penye ukavu hata udongo uwe na mbolea kiasi gani.

Walimu, maofisa ugani na wafanyabiashara wa Kanda ya Ziwa wanapaswa kuzitunza tofauti hizi wanapofundisha, wanaposhauri na wanapoandika vibao vya bei. Kitu ambacho badiliko lake halijakamilika kiitwe kibichi. Kilicho na maji kiasi kiitwe kinyevu au chenye unyevu. Na kilichoingiwa na maji baada ya kukauka kisemwe kimelowa. Anayeambiwa dagaa ni wabichi atajua kwamba wanahitaji kuanikwa au kupikwa leo, anayeambiwa mahindi yana unyevu atajua kwamba hayajafaa kuingia ghalani, na anayeambiwa mzigo umelowa atajua kwamba aukague kabla ya kutoa fedha.