Mkopo wa nyumba: usiulize rejesho ni shilingi ngapi tu, uliza jumla utalipa ngapi

Ndugu zangu wauzaji wa mtandaoni, leo tuongee kuhusu nyumba.

Mimi nauza vijora na mashuka, nipo Korogwe, na wateja wangu wengi wapo Handeni. Mzigo unatoka Kariakoo kwa basi, unashushwa stendi, tunapiga picha, tunaweka WhatsApp, maisha yanaenda. Kwa wauzaji wenzangu wa huku kuna swali linajirudia: "Benki wamesema rejesho ni laki nne na sitini kwa mwezi. Naliweza?"

Swali sio baya, ila limeruka hatua. Ukienda kununua balo huulizi tu "nikupe ngapi leo?" Unauliza bei yake. Na mkopo wa nyumba nao una bei. Bei yake sio rejesho la mwezi, ni jumla ya hela yote itakayotoka mfukoni mwako mpaka siku ya mwisho. Tuipige hesabu pamoja, chukua simu fungua kikokotoo.

MKOPO HUU UMETOKA WAPI

Mikopo ya nyumba ya miaka mingi kwetu bado ni michache. Tulikuwa na Benki ya Nyumba Tanzania, ikafungwa mwaka 1995. Mwaka 2008 ikatungwa sheria maalumu ya mikopo ya nyumba, na mwaka 2010 ikaanzishwa kampuni ya TMRC, ambayo kazi yake ni kuzikopesha benki hela za muda mrefu ili na zenyewe ziweze kukukopesha wewe kwa miaka 15, 20 au zaidi. Riba nayo imeshuka. Mwaka 2010 ilikuwa juu ya asilimia 20. Miaka ya karibuni ripoti za Benki Kuu zimekuwa zikitaja asilimia 15 hadi 19 kwa mwaka.

Watu wanasikia "15 hadi 19" wanaona ndogo, kwa sababu tumezoea kausha damu. Lakini riba ndogo ikikaa na wewe miaka 15 inakula kuliko riba kubwa ya miezi mitatu.

HESABU YENYEWE

Tuseme umekopa milioni 30, riba asilimia 17 kwa mwaka, inapigwa kwenye salio, unalipa miaka 15. Rejesho linakuja kama 461,700 kwa mwezi.

Zidisha kwa miezi 180. Unapata milioni 83 na laki moja.

Soma tena. Umechukua 30, umerudisha 83. Riba peke yake ni milioni 53. Yaani umejenga nyumba yako, na hela ya nyumba nyingine karibu mbili umeiacha benki.

Hapo sio kwamba benki wamekuibia. Wamekuambia asilimia 17 na ni 17 kweli. Shida ni muda.

MBONA DENI HALISHUKI?

Hapa ndipo wengi wanachanganyikiwa. Mwezi wa kwanza unadaiwa milioni 30. Riba ya mwezi huo: 30,000,000 mara 17, gawa kwa 100, gawa kwa 12. Jibu 425,000.

Umelipa 461,700. Toa 425,000 ya riba. Kilichopunguza deni ni 36,700 tu. Hela ya kuku watatu hivi!

Mwezi unaofuata riba inapigwa kwenye salio lililobaki, kwa hiyo inashuka kidogo sana, na kinachoenda kwenye deni kinapanda kidogo sana. Kwa mwendo huo:

- Ukilipa miaka 5 bila kukosa hata mwezi mmoja, umetoa milioni 27 na laki 7. Bado unadaiwa milioni 26 na nusu.
- Deni linafika nusu, yaani milioni 15, baada ya miaka 11 na ushee.
- Miaka ya mwisho ndiyo deni linaporomoka.

Kwa hiyo mtu akikwama mwaka wa tano akaamua auze nyumba alipe deni, anashangaa anaambiwa salio liko karibu pale pale alipoanzia. Ni bora ulijue hili kabla ya kusaini.

PUNGUZA MIAKA KABLA YA KUPUNGUZA REJESHO

Mkopo ule ule wa milioni 30, riba ile ile 17, ila miaka 10. Rejesho linakuwa kama 521,400. Limeongezeka elfu sitini tu kwa mwezi. Jumla utalipa milioni 62 na nusu. Umeokoa milioni 20 kwa elfu sitini ya mwezi.

Ukiogopa kujifunga na rejesho kubwa, kuna njia ya kati. Chukua ya miaka 15, halafu kila mwezi ongeza elfu hamsini kwa hiari yako. Deni linaisha kwa miaka kumi na nusu hivi, na unaokoa milioni 18. Lakini uliza mapema mambo mawili. Je, kuna faini ya kulipa kabla ya muda? Na hiyo nyongeza inapunguza deni lenyewe, au inawekwa tu kama rejesho la mwezi ujao? Ikiwekwa kama rejesho la mwezi ujao hujafaidika kitu.

Na riba yenyewe bishania. Kwa hiyo milioni 30 ya miaka 15, ukipewa asilimia 15 jumla ni milioni 75 na nusu. Ukipewa 19 jumla ni karibu milioni 91. Asilimia nne tu, tofauti milioni 15. Benki tatu zikuandikie, usiende moja.

RIBA YA KWENYE SALIO NA RIBA YA MKOPO WOTE

Wengi wetu hatuna hati wala hesabu za biashara za kupeleka benki, kwa hiyo tunajenga kwa mikopo midogo midogo ya biashara. Hapo kuwa macho.

Mfano, milioni 3 kwa mwaka mmoja, "riba asilimia tatu na nusu tu kwa mwezi". Kama inapigwa kwenye mkopo wote mpaka mwisho, unalipa 105,000 ya riba kila mwezi hata ukibakiza deni la laki tatu. Riba ya mwaka inafika milioni 1 na laki 2 na sitini. Kama ingepigwa kwenye salio, ingekuwa kama laki 7 na elfu 25. Ukiigeuza hiyo ya kwanza iwe ya kwenye salio, kwa kweli unatozwa karibu asilimia 6 kwa mwezi, yaani kama 70 kwa mwaka.

Usilinganishe asilimia ya huyu na asilimia ya yule. Linganisha jumla ya shilingi utakazorudisha.

GHARAMA AMBAZO HAZIMO KWENYE REJESHO

Kabla hujashika hela kuna ada ya kushughulikia mkopo, mthamini wa nyumba, upekuzi wa hati, mwanasheria, kusajili rehani, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya nyumba. Zingine unalipa mara moja, bima nyingi ni kila mwaka. Ziandike zote, zijumlishe kwenye ile milioni 83. Na uliza: riba imefungwa miaka yote, au inaweza kupanda?

Kuna anayesema, "Shilingi inashuka thamani, mbeleni hiyo laki nne itakuwa hela ya maji." Kuna ukweli kidogo. Lakini mfumuko wa bei miaka ya karibuni umekuwa kama asilimia 3 hadi 4 kwa mwaka, na wewe unalipa 17. Haukuokoi.

SASA WEKA KWENYE BIASHARA YAKO

Mshahara unaingia kila mwezi. Sisi hatuko hivyo. Kuelekea Idi na Krismasi mzigo unatembea wenyewe. Januari watu wana ada za shule, unaweka picha wanatazama tu. Na huku kwetu mvua zikikataa, mahindi yakigoma, mteja wa Handeni hanunui shuka.

Kwa hiyo pima rejesho kwa mwezi wako mbaya kuliko yote wa mwaka jana, usipime kwa mwezi wa Idi. Kama kijora kimoja kinakupa faida ya 4,000 baada ya nauli ya mzigo na bando, 461,700 ni vijora 116. Kila mwezi, miaka 15, kabla hujala wala hujarudisha mtaji. Ukianza kuchota kwenye mtaji ili kulipa rejesho, ujue biashara ndiyo inaliwa, na biashara ndiyo inayolipa nyumba. Ikifa moja zimekufa zote.

Na ukishindwa? Kwa Sheria ya Ardhi, benki inatakiwa ikupe notisi ya siku 60 kabla ya kuchukua hatua ya kuuza. Siku 60 ni chache kwa mtu ambaye mtaji umeshakauka. Ukiona dalili, nenda benki kabla ya notisi, omba kupangiwa upya marejesho. Anayejitokeza mapema anasikilizwa tofauti na anayezima simu.

Kingine: nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenza. Ni sheria. Mwenzako akiletewa karatasi, akae na wewe mpige hii hesabu kwanza, sio kusaini kwa kuwa umemwambia "saini hapa mama".

KUJENGA KIDOGO KIDOGO JE?

Huku kwetu ndiyo njia ya wengi: leo tofali, kesho msingi, mwakani bati. Tulinganishe kwa haki.

Ukiweza kweli kuweka 461,700 kila mwezi, unafikisha milioni 30 kwa miaka mitano na nusu. Ukiwa umepanga kwa elfu themanini kwa mwezi muda wote huo, kodi ni kama milioni 5 na laki 2. Jumla milioni 35, sio 83.

Lakini nayo ina gharama zake. Saruji na nondo zinapanda bei, tofali zinaibiwa, na hela ikikaa kwenye simu inapata shughuli nyingine. Msingi uliokaa miaka minne bila ukuta ni mtaji uliolala. Na mwenye mkopo anakuwa ameshahamia kwake tangu mwaka wa kwanza, hilo nalo lina thamani yake.

Mimi napenda njia ya kati. Kiwanja kwa hela yako, jenga mpaka kwenye lenta kwa hela yako, halafu kopa ya kumalizia tu. Milioni 8 kwa miaka 3, riba 17 kwenye salio, rejesho ni kama 285,000, jumla milioni 10 na laki 3. Riba ni milioni 2 na ushee. Hiyo hata Januari mbili mbaya zikufuatane, unaweza kuhimili.

Na usiruke suala la hati. Karatasi ya mauziano ya serikali ya mtaa au ya kijiji sio hati miliki. Kwa mkopo mrefu wa nyumba benki nyingi zitataka hati. Ukinunua kiwanja Korogwe mjini au Chanika pale Handeni, uliza kwanza kama kimepimwa. Kile cha bei poa kisichopimwa kinaweza kukufungia mlango wa mikopo nafuu, ukabaki na ya kausha damu.

KABLA YA KUSAINI, ULIZA HAYA

1. Jumla nitalipa shilingi ngapi, na ada zote na bima?
2. Riba inapigwa kwenye salio au kwenye mkopo wote?
3. Riba inaweza kubadilika? Mtanijulishaje?
4. Naomba jedwali la marejesho, mwezi hadi mwezi. Baada ya miaka 5 nitakuwa nadaiwa ngapi?
5. Nikilipa zaidi au nikimaliza mapema kuna faini?
6. Nikichelewa mwezi mmoja mnatoza nini?
7. Ukipungua muda kutoka 15 hadi 10, rejesho linakuwa ngapi?

Afisa mikopo mzuri atakujibu yote na kukuchapishia jedwali. Akikuambia "usijali, wewe angalia rejesho tu", beba karatasi zako uende benki nyingine.

Mkopo wa nyumba sio adui. Kuna watu wamekaa kwao kwa sababu ya mkopo na wanalipa vizuri. Wewe usikopee tu kwa rejesho la mwezi. Mtumie mwenzako ambaye tayari ana fomu ya benki mkononi, aisome kabla hajasaini.