Wauza Chai, Mawakala wa Posta na Mashine Iliyoaminiwa

Wauza chai ndio waliojenga kompyuta ya kwanza ya ofisi. Kampuni ya J. Lyons ya London ilikuwa na migahawa ya chai ipatayo 200, kiwanda kikubwa cha mikate na keki huko Cadby Hall, magharibi mwa jiji, na makarani wengi mno wa kujumlisha risiti za vijisenti. Faida ya kikombe kimoja cha chai ni chembe tu, na karani anayeihesabu naye anataka mshahara. Kwa hiyo wakubwa wa Lyons walikuwa na sababu ya kukosa usingizi kwa ajili ya makaratasi, pengine kuliko kampuni nyingine yoyote Uingereza.

Mwaka 1947 mameneja wao wawili walipokwenda Marekani kutazama vifaa vya ofisi, waliambiwa huko kwamba Chuo Kikuu cha Cambridge, nyumbani kwao, kilikuwa kinaunda kompyuta. Lyons wakakichangia pauni 3,000 na kukiazima fundi, kisha wakajenga mashine yao wenyewe na kuiita LEO. Ilikuwa na vali za kielektroniki karibu 6,000. Kumbukumbu yake ilikaa ndani ya mirija ya zebaki: mawimbi ya sauti yalipitishwa humo, na yakifika mwisho yakarudishwa mwanzo, mfululizo, yasije yakapotea. Mwishoni mwa Novemba 1951 ikaanza kufanya hesabu za kiwanda cha mikate kila wiki. Baadaye ikapewa mishahara. Karani mzoefu alitumia dakika nane hivi kukokotoa mshahara wa mtu mmoja. LEO ilitumia sekunde moja na nusu.

Watu hupenda kuisimulia kasi hiyo. Mimi naona kilichotangulia ndicho kizito zaidi. Kabla mashine haijapewa kazi, ilibidi kazi yenyewe ijulikane mpaka ukucha. David Caminer, aliyesimamia shughuli hiyo, hakuwa mhandisi. Alikuwa mtu wa ofisi za Lyons, aliyeingia kabla ya Vita Kuu ya Pili. Yeye na wenzake walifuatilia kila karatasi: nani anaiandika, nani anaipokea, na ikija na kosa nani anairudisha. Mambo ambayo karani alikuwa nayo kichwani tu, bila kuulizwa na yeyote, yakachorwa na kuandikwa hatua kwa hatua, kwa sababu mashine haina busara ya kujazia palipoachwa wazi. Kazi hiyo leo ina jina lake, uchambuzi wa mifumo, na wanaolipwa kuifanya ni wengi.

Tazama walivyopanga oda za migahawa mwaka 1954. Zamani msimamizi wa kila mgahawa, kwa kawaida mwanamke, alijaza fomu ndefu kila siku: mikate mingapi, keki ngapi, pai ngapi. Katika utaratibu mpya, oda ya kawaida ya kila siku ya wiki ilihifadhiwa tayari. Mchana alipigiwa simu kutoka Cadby Hall, akataja mabadiliko tu. Kesho kuna mvua? Punguza aiskrimu. Aliyemsikiliza alitoboa kadi papo hapo, LEO ikazisoma, na usiku huo orodha za kupakia magari zikatoka. Makao makuu sasa yaliona migahawa yote kwa pamoja, jambo lisilowezekana awali, lakini neno la mwisho kuhusu mgahawa lilibaki kwa yule anayewajua wateja wake.

LEO ikawa kampuni kamili, na kampuni nazo huolewa. Mwaka 1963 iliunganishwa na kitengo cha kompyuta cha English Electric. Mwaka 1968 yote yakaingia katika kampuni ya kompyuta ya ICL. Mwaka 1990 Fujitsu ya Japani ikanunua asilimia 80 ya ICL. Na katika ukoo huohuo, mwishoni mwa miaka ya 1990, ndimo ulimozaliwa Horizon, mfumo wa hesabu wa Shirika la Posta la Uingereza.

Ofisi nyingi za posta nchini humo huendeshwa na mawakala, watu wenye duka dogo na dirisha la posta pembeni. Kabla ya Horizon wengi wao walifunga hesabu za wiki kwa kalamu, na zisipolingana walirudi kwenye karatasi zao wenyewe, mstari kwa mstari, mpaka kosa lionekane. Kuanzia 1999 kitabu cha hesabu kikahamia ndani ya mfumo. Wakala aliona jumla; njia iliyofikisha jumla hiyo hakuweza kuifuata hadi mwisho. Upungufu ukitokea, mkataba ulisomwa kwamba ni juu yake kuufidia.

Na upungufu ulitokea. Kasoro mojawapo ilikuja kuitwa Dalmellington, kwa jina la mji wa Scotland. Mwaka 2015 wakala alikuwa akihamisha pauni 8,000 kutoka tawi moja kwenda jingine, skrini ikaganda, akabonyeza tena na tena kama ambavyo mtu yeyote angefanya. Kila mbonyezo ukaandikwa kuwa uhamisho mpya. Mfumo ukaonyesha pauni 32,000, kwa hiyo pauni 24,000 ambazo hazikuwahi kuwepo zikatakiwa zipatikane.

Kwa miaka mingi jibu la shirika lilikuwa kwamba mfumo ni imara na wakala ndiye mwizi. Watu zaidi ya 900 walitiwa hatiani. Baadhi walifungwa, wengi wakafilisika. Waliambiwa pia kwamba hakuna awezaye kugusa hesabu za tawi kutoka nje, hali wafanyakazi wa Fujitsu waliweza. Ilichukua kesi ya mawakala 555, wakiongozwa na wakala wa zamani Alan Bates, hadi Desemba 2019 jaji alipokubali kwamba Horizon ilikuwa na kasoro za kutosha kuzua upungufu wa uongo. Bunge lilifuta hukumu kwa mkupuo mwaka 2024.

Sheria nayo ilichangia. Kwa mashtaka ya jinai, Uingereza iliwahi kumtaka anayeleta ushahidi wa kompyuta athibitishe kwanza kwamba mashine ilikuwa ikifanya kazi sawasawa. Sharti hilo lilifutwa mwaka 1999, mwaka uleule Horizon ilipoanza kusambazwa, na baada ya hapo kompyuta ikachukuliwa kuwa sahihi mpaka mshtakiwa aonyeshe vinginevyo. Wakala wa kijijini angeonyesha kwa kitu gani?

Kenya ina sharti linalofanana na lile la zamani la Uingereza. Kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi kinazungumzia cheti cha rekodi ya kielektroniki, kikitiwa saini na mtu mwenye dhamana ya kuendesha mashine hiyo au shughuli inayohusika. Ni kinga, ila nusu yake tu. Katika kesi za Horizon, baadhi ya waliotoa ushahidi wa kuutetea mfumo walikuwa waajiriwa wa Fujitsu, na mtu wa namna hiyo angekitia saini cheti hicho bila kusita.