Fisimaji wa Njombe: Jina Moja, Wanyama Wawili

Kiswahili kina desturi ya kumwita mnyama asiyezoeleka kwa jina la mnyama anayezoeleka, kisha kulitia jina hilo kitambulisho cha makazi. Ndivyo walivyopatikana mbwa mwitu, nguruwe mwitu na bata maji. Katika miundo hiyo nomino ya kwanza ndiyo kiini na ya pili huiainisha. Msikilizaji hutarajia kwamba bata maji ni bata, wala hadanganyiki. Kwa fisimaji matarajio hayo huvunjika. Kiini cha neno chasema fisi, ilhali mnyama mwenyewe si wa ukoo wa fisi.

Wanyama walao nyama hugawanyika katika matawi mawili makuu. Fisi yumo katika tawi la paka na nguchiro. Fisimaji yumo katika tawi la mbwa, familia moja na nyegere na kicheche. Jina, kwa hiyo, limevuka mpaka mpana kabisa uliopo baina ya wanyama hao. Lugha haistahili kulaumiwa kwa hilo: majina hutolewa na macho ya mpita njia, si na kisu cha mpasuaji. Lakini fisi katika fikra za Waswahili ni alama ya ulafi na uchawi, na mnyama wa mtoni amerithishwa sifa asizokuwa nazo.

Tatizo la pili ni zito zaidi. Tanzania ina fisimaji wa aina mbili, na neno ni moja.

Wa kwanza wanasayansi humwita Aonyx capensis, jina ambalo sehemu yake ya kwanza ina maana ya asiye na ukucha. Ni mkubwa: huweza kufikia kilo 20 na zaidi, na urefu wake pamoja na mkia hukaribia mita moja na nusu. Shavu, koo na kifua ni vyeupe. Vidole vya miguu ya mbele havina makucha wala utando, hata hufanana na vya mkono wa mtu, na kwa vidole hivyo hupapasa chini ya mawe akitafuta kaa. Kwa kuwa hutegemea mguso kuliko macho, maji ya tope hayamzuii. Huishi katika vijito vya milimani, mabwawa, vinamasi, hata pwani ya bahari iwapo maji baridi yako karibu.

Wa pili ni Hydrictis maculicollis, yaani mwenye shingo ya madoa. Uzito wake ni kilo 3 hadi 6 tu, na urefu wake wote ni kama mita moja. Ana makucha, na utando mpana kati ya vidole. Huwinda samaki kwa macho, na kwa hiyo huhitaji maji maangavu. Maziwa ya Viktoria, Tanganyika na Nyasa ni makazi yake mashuhuri. Akilinganishwa na fisimaji wa bahari ya Pasifiki ya kaskazini, anayeweza kufikia kilo 45, huyu ni kitoto.

Mkoa wa Njombe, uliozaliwa mwaka 2012 kutoka Iringa, waonyesha vema kwa nini tofauti hiyo ina uzito. Mto Ruhuji hupita mjini Njombe na kuteremka kuelekea Kilombero. Maji ya upande wa Usangu huelekea Ruaha Mkuu, nayo ya Ludewa huingia Ziwa Nyasa kwa Mto Ruhuhu. Mabonde ya juu hulimwa vinyungu wakati wa kiangazi, na kila udongo unaomomonyoka huchafua mto. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 yakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa mto, ingawa mkulima asiye na shamba jingine huisoma kwa jicho tofauti na la mtunga sheria. Mto ukigeuka tope, mwenye shingo ya madoa hushindwa kuona windo lake kabla mwenzake hajataabika. Orodha Nyekundu ya IUCN imewaweka wote wawili katika daraja la walio karibu kutishiwa.

Basi mfugaji wa samaki wa Makambako akiripoti kwamba fisimaji ameingia bwawani, ofisa ataandika nini? Neno halimwelezi kama ni mla kaa wa kilo 20 au mla samaki wa kilo 5, wala kama maji ya jirani yangali maangavu. Kiswahili kina nyenzo za kutosha: fisimaji asokucha na fisimaji madoa ni istilahi fupi, zenye kutamkika, zinazofuata kanuni ileile ya kiini na kiainishi. Kabla ya kuzisanifisha, hata hivyo, ingefaa kwanza kuwauliza wasemaji wa Kibena, Kipangwa na Kikinga, wanaoishi kando ya mito hiyo, wao huwaitaje.