Isao Takahata: Mwelekezi wa katuni ambaye hakuwa mchoraji

Waulize vijana wa leo kuhusu filamu za katuni za Kijapani, wengi watakutajia Hayao Miyazaki. Ni haki yake kutajwa. Lakini alikuwako mwenzake aliyemtangulia kwa umri na kwa kazi, naye ni Isao Takahata. Ninamweleza leo kwa sababu mbili. Kwanza, aliongoza filamu za kuchorwa tangu 1968 hadi 2013 ilhali yeye mwenyewe hakuwa mchoraji. Pili, katika kazi zake mna kisa kimoja ambacho mtu wa Pwani akikitazama ataona ni kisa cha jirani yake.

Takahata alizaliwa tarehe 29 Oktoba 1935 katika mkoa wa Mie. Alipokuwa na umri wa miaka tisa familia yake iliishi Okayama, na tarehe 29 Juni 1945 ndege za Marekani ziliuteketeza mji huo kwa mabomu ya moto. Yeye na dada yake walikimbia usiku na nguo za kulalia, wakapoteana na wazazi, kisha baadaye wakaonana nao tena. Kumbukumbu hiyo ilikuja kumfaa baadaye, kama tutakavyoona.

Alisoma fasihi ya Kifaransa katika Chuo Kikuu cha Tokyo. Kilichomvuta kwenye katuni ni filamu ya Mfaransa Paul Grimault, aliyoiandika pamoja na mshairi Jacques Prévert. Takahata aliiona, akatambua kwamba picha za kuchora zaweza kubeba fikra za mtu mzima. Mwaka 1959 akaajiriwa na kampuni ya katuni ya Toei.

Sasa utauliza, mtu asiyechora atafanya nini katika nyumba ya wachoraji? Fikiria hivi. Ukisimamisha kamera barabarani Mombasa, utapata tuktuk, paka, upepo unaopeperusha buibui na mzee anayekohoa, vyote bila kuviomba. Katika katuni hakuna kinachojiingiza chenyewe. Kivuli cha kikombe, mtoto kupepesa jicho, mlango kufunguka: kila kimoja lazima mtu aamue kiwepo, kisha mwingine akichore. Kuamua ndiyo kazi ya mwelekezi, na Takahata alikuwa mkali sana kwenye kuamua. Alitaka mhusika akikata tunda au akipanda ngazi, mtazamaji aone uzito wa mwili wake.

Filamu yake kubwa ya kwanza, ya kijana shujaa aitwaye Horus, ilichukua takriban miaka mitatu na kupitisha muda uliowekwa. Ilipotoka 1968 haikukaa sana kwenye kumbi za sinema, na Toei hawakumpa tena filamu ya kuongoza. Mwaka 1971 akaondoka pamoja na Miyazaki, ambaye walikuwa wamejuana kazini na katika chama cha wafanyakazi.

Mwaka 1974 wakatoa Heidi, kipindi cha runinga cha sehemu 52 kuhusu yatima anayelelewa na babu yake milimani Uswisi. Kabla ya kuchora, walisafiri hadi Uswisi kwenyewe kuona nyumba, majani na mbuzi wa kule. Kipindi hicho kilitafsiriwa na kuonyeshwa Ulaya na katika nchi za Kiarabu, na wengi waliokitazama utotoni hawakujua kwamba kimetoka Japani.

Kisha, mwaka 1976, kikaja kile kisa nilichokitaja, cha Marco. Asili yake ni hadithi fupi ya Mtaliano Edmondo De Amicis, katika kitabu kilichotoka 1886. Marco anaishi Genoa, mji wa bandari. Familia ina madeni, na mama anapanda meli kwenda Argentina kufanya kazi za nyumbani kwa watu. Anaandika barua, anatuma pesa. Kisha barua zinakoma. Mtoto anafunga safari peke yake kuvuka bahari kumtafuta.

Hadithi hiyo fupi Takahata aliifanya sehemu 52, moja kila wiki, mwaka mzima. Alizijaza na mambo ambayo wengine wangeyaruka: mtoto kutoelewa kwa nini aondoke mama na si baba, hasira yake kwa baba, ambaye naye si mtu mbaya, bali anaendesha zahanati ya maskini na ndiko madeni yalikotokea, siku za kungoja barua, vibarua vya kutafuta senti, na wageni, wengine wema, wengine wezi.

Ndugu msomaji, sina haja ya kukueleza zaidi. Mombasa, Kilifi na Kwale tunawajua kina mama waliokwenda Uarabuni kufanya kazi za nyumbani, na tunawajua watoto waliobaki na nyanya zao. Habari tunazosoma ni za msafiri: wakala, pasi, mshahara usiolipwa, na wakati mwingine jeneza. Ni sawa zisemwe. Lakini mtoto anayelala na simu pembeni kwa sababu mama alisema atapiga Ijumaa, yeye haandikwi. Takahata alikaa na mtoto huyo mwaka mzima, na hakumtafutia mtu wa kulaumiwa ili mambo yawe mepesi.

Baadaye alisimamia utayarishaji wa filamu ya Miyazaki ya Nausicaä, 1984, na mwaka uliofuata ikaanzishwa Studio Ghibli. Hapo ndipo kumbukumbu ya Okayama ikapata pa kutokea. Mwaka 1988 aliongoza Kaburi la Vimulimuli, kutokana na hadithi ya Akiyuki Nosaka, mwandishi aliyempoteza dada yake mdogo kwa njaa mwaka 1945. Seita, kijana wa miaka 14, na dada yake Setsuko wa miaka minne wanafiwa na mama kwenye shambulio la Kobe. Wanahamia kwa shangazi, masimango yanazidi, Seita anamchukua mdogo wake wakaishi peke yao kwenye pango kando ya maji. Wote wawili wanakufa. Takahata alikataa filamu hiyo iitwe mahubiri ya kupinga vita tu. Alitaka vijana wamtazame Seita anavyojitenga na watu, waone upweke unamfikisha wapi.

Si kazi zake zote ni za machozi. Katika filamu yake ya 1991 kuna familia ya Tokyo inayopata nanasi zima kwa mara ya kwanza. Hakuna anayejua namna ya kulikata. Wanalitazama, wanalinusa, na wakishalionja nyuso zinawashuka, kwa kuwa halikuiva. Kwetu tunakouza mananasi kando ya barabara utacheka, lakini ukitulia utaona familia nzima imeelezwa kwa tunda moja.

Uangalifu huo ulikuwa na gharama. Kaburi la Vimulimuli ilifika kwenye kumbi ikiwa na vipande ambavyo havijamalizwa kupakwa rangi. Filamu yake ya mwisho, ya binti Kaguya aliyepatikana ndani ya mwanzi, ilichukua takriban miaka minane na yen bilioni 5 hivi, na mapato yake Japani hayakufika kiasi hicho. Waliofanya kazi naye hawakuficha kwamba aliwachosha. Sitaki vijana wetu waige upande huo. Mtu ana haki ya kulala. Hata hivyo Kaguya ilipotoka 2013, kwa michoro mepesi kama ya mkaa na rangi za maji, ilisifiwa na baadaye ikateuliwa kuwania tuzo ya Oscar. Takahata alifariki tarehe 5 Aprili 2018, akiwa na umri wa miaka 82.

Tunao vijana Pwani wanaochora kwa simu na kompyuta, na wengine wanaojizuia kwa sababu mkono wao hauchori. Hao wa pili wamsome Takahata. Kisa cha mama aliyevuka bahari kiliandikwa na Mtaliano, kikachorwa na Wajapani. Cha mtoto wa Kisauni au Malindi anayengoja simu kutoka Riyadh, mimi sijakiona kikichorwa. Wachoraji tunao. Anatakiwa mtu wa kuketi na mtoto huyo, amsikilize hadi mwisho, kisha awaambie wachoraji wachore nini.